Safari ya siku moja Kaimosi na Chetambe, tulienda wiki mbili kabla ya siku ya kuandikwa jeshi

Hii ni juu ya ile safari ya gari yenye mwalimu mmoja mstaafu wa Vihiga hupeleka watu Jumamosi moja kila mwezi, kutembelea mahali penye historia ya watu waliokataa kwenda vita kwa ajili ya imani yao. Jina lake na namba siweki, sijamuomba ruhusa na kuna mambo nitalalamikia, lakini ukiulizia makanisa ya Friends, wale Quaker, kuanzia Kiboswa mpaka Chavakali utaonyeshwa. Bei ni 3,500 kwa mtu, chakula cha mchana ndani, soda unajilipia. Mimi nilituma 7,000 kwa M-Pesa, yangu na ya mtoto wa kaka yangu, na mwezi huo hiyo ilikuwa pesa mingi kwangu lakini sikuona pengine pa kuipeleka.

Huyu kijana ana miaka 19. Alimaliza fomu foo mwaka jana, akapata C minasi, karo ya koleji hakuna. Tangazo la jeshi lilipotoka nyumba nzima ilifurahi juu ana urefu, ana kifua, meno yake yote yako, mbio anakimbia, na umri ni ule wanataka wa 18 mpaka 26. Kaka yangu akawa anamwamsha saa kumi na moja alfajiri akimbie mpaka Mbale na kurudi. Watu wakaanza pia kuja na zile stori za ati kuna mtu anajua mtu, tafuteni laki kadhaa, na ashukuriwe Mungu hiyo hatukuingia kwa sababu kuandikwa jeshi ni bure na wengi wameuza ng'ombe wakapewa barua feki. Sasa jioni moja kijana akanipigia simu, sauti iko chini kama mtu amejificha nyuma ya nyumba, akaniambia, "Senje (yaani shangazi), mimi ndio nafundisha watoto Sandei skuli, mwezi huu tumesoma vile Yesu alimwambia Petro arudishe upanga mahali pake, sasa nikienda kushika bunduki nikirudi nitawafundisha nini?"

Nilikosa jibu. Nimekulia Friends, baba yetu alikuwa mzee wa kanisa, tangu utotoni nimeskia Friends ni watu wa amani, lakini kwa kanisa letu kuna familia za mapolisi na za wanajeshi, tangu 2011 vijana walipovuka kwenda Somalia tumekuwa tukiwaombea kila Jumapili majina yakitajwa, na sijawahi kuona mtu amesimama akauliza haya mawili yanakaaje pamoja. Kaka yangu yeye ana jibu lake na si jibu la ovyo, anasema akida wa Kapernaumu alikuwa mwanajeshi na Yesu alisifu imani yake bila kumwambia aache kazi, alafu anaongeza mkono mtupu haulambwi, wadogo zako watatu wanakula nini. Mimi niko katikati ya hawa wawili na nawapenda wote. Ndio mama mmoja wa kanisa akaniambia kuna mwalimu hupeleka watu safari ya namna hii, nikabuku.

Sasa huduma yenyewe. Tuliambiwa tuwe Kondele hapa Kisumu saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Tulifika, tukanunua mandazi, tukangoja. Gari lilikuja saa moja na dakika arobaini. Mwalimu aliomba msamaha vizuri, alisema dere alipata pancha, sawa, lakini mesiji moja tu ingetusaidia na kulikuwa na mama mmoja wa miaka kama sabini hivi amesimama muda wote huo. Na hiyo saa moja tuliyopoteza asubuhi ndio ilitukosesha saa moja Chetambe jioni, mtaona.

Gari ni la watu kumi na wanne, tulikuwa kumi na mmoja. Viti viko sawa, mikanda inafanya kazi. Hakuna maiki, kwa hivyo ukikaa nyuma kama sisi tulivyokaa mpaka Kiboswa unaskia nusu tu ya maneno, ombeni viti vya mbele mapema.

Kitu alichofanya kwanza, kabla hata hatujamaliza Mamboleo, aliuliza nani kwao kuna mtu aliyeenda Keya, lile jeshi la mkoloni la King's African Rifles, au Kariakoo. Mikono tisa kati ya kumi na moja! Hapo gari lilinyamaza. Alafu akaeleza kwamba lile jina la Kariokor Nairobi na Kariakoo ya Dar linatoka kwa wapagazi wa vita ya kwanza ya dunia, na kwamba wale hawakuenda kwa kupenda, kuna sheria ilitungwa mwaka 1915 ya kuchukua watu kwa lazima, chifu anaambiwa leta watu kadhaa, usiku watu wanatolewa kwa nyumba zao. Mkubwa wa kazi hiyo kuanzia 1917 alikuwa John Ainsworth, na huyu alikuwa PC, yaani mkuu wa mkoa, wa Nyanza miaka mingi, alikaa hapa hapa Kisumu, alijua vijiji vyetu ndio maana aliweza kuvimaliza. Wapagazi wa Kenya waliokufa na wakahesabiwa ni zaidi ya 40,000, na wengi hawakuuliwa na risasi, waliuliwa na kuhara damu na homa na njaa huku wamebeba risasi za mtu mwingine. Mwalimu alisema kitu hapo nimekishika mpaka leo, kwamba sisi tukiongea juu ya kukataa vita kwa ajili ya dhamiri tunafikiria ni maneno ya Ulaya, lakini hapa kwetu watu walikuwa wanakimbilia msituni na kujificha mapangoni wasibebe, na hakuna aliyewauliza dhamiri yao inasema nini, hakukuwa na fomu ya kujaza.

Kaimosi ni pazuri jamani. Unatoka Chavakali unashika ile barabara ya Kapsabet, unaona msitu, hewa inabadilika kabisa. Wamisheni watatu wa Friends kutoka Marekani, Willis Hotchkiss, Edgar Hole na Arthur Chilson, walifika hapo 1902 wakapachagua kwa sababu ya maji na miti, walitaka mto uendeshe mashine ya kupasua mbao maana misheni yao ilikuwa ya kufundisha kazi za mikono pamoja na Injili. Leo Kenya ina Friends wengi kuliko nchi yoyote duniani na mbegu ni pale. Tulitembea kama saa moja na nusu, tukaona majengo ya zamani, chuo cha theolojia, hospitali, tukateremka mtoni. Vaa viatu vya kushika, njia inateleza, mimi nilivaa sandozi nikashikwa mkono na kijana mpaka chini.

Alafu akatukalisha chini ya miti kwa duara na hapa ndio thamani ya pesa yako iko. Kwanza alituambia tukae kimya dakika kumi na tano. Kimya kabisa. Ninyi mnaojua Friends wa huku mnajua kwetu ibada ni nyimbo, ngoma, matoleo, mahubiri ya saa nzima, ile ibada ya kimya ya Friends wa kwanza mimi nilikuwa naiskia tu kwa hadithi. Dakika tano za mwanzo nilikuwa nawaza nyumba na mambo ya kazi, alafu sijui nini kilitokea, nilianza kulia polepole tu, nikafikiria huyu mtoto vile alikuwa anakimbia alfajiri kila siku na moyo wake haukimbii naye.

Baada ya kimya akaanza kueleza. George Fox, mwanzilishi, alikuwa amefungwa jela ya Derby mwaka 1651, wakamwambia tutakutoa ukikubali kuwa kapteni kwa jeshi, akakataa akabaki jela. Tamko la 1660 ambalo Friends walimpelekea mfalme Charles wa Pili, mwalimu ametafsiri mwenyewe kwa Kiswahili na alilisoma pole pole, kwamba wanakataa vita vyote na silaha zote kwa sababu yoyote ile, na kwamba Roho wa Kristo habadiliki hivi kwamba leo akukataze kitu ati ni kiovu alafu kesho akurudishe kwa hicho hicho. Alirudia hiyo sehemu mara mbili na kijana wangu akaiandika kwa daftari.

Akaja kwa vita ya kwanza kule Uingereza. 1916 wakatunga sheria ya kulazimisha vijana kuingia jeshi, na sheria ikaweka nafasi ya mtu mwenye pingamizi la dhamiri kufika mbele ya baraza akajieleza. Wengine walipewa kazi nyingine, wengine hawakuaminika. Kuna kumi na sita walifungwa katika ngome ya Richmond, si Friends peke yao, kulikuwa na Wamethodisti na wafuasi wa madhehebu mengine na wengine wa siasa tu, wakasafirishwa kwa nguvu mpaka Ufaransa penye vita ili wakikataa amri waweze kuhukumiwa kifo. Mwezi wa sita 1916 watu 35 jumla walisomewa hukumu ya kupigwa risasi, wakaachwa wasimame kidogo alafu ndio msomaji akaendelea kwamba hukumu imebadilishwa kuwa miaka kumi ya kazi ngumu. Mwalimu alisoma hivyo hivyo, akasimama kidogo katikati, na mimi niliskia baridi mgongoni.

Kilichonifanya nimuamini ni kwamba hakuficha upande wa pili. Alisema wazi kwamba karibu thuluthi moja ya vijana wa Friends wa Uingereza waliokuwa na umri walienda jeshi vita hiyo. Walikuwa Friends, walijua tamko, wakaenda. Na wengine wakaanzisha kikosi cha ambulensi wakaenda mpaka mstari wa mbele bila bunduki kubeba majeruhi, na wengine tena wakasema hata ambulensi ni kusaidia vita, wakakubali jela. Watu wa kanisa moja, Biblia moja, njia tatu. Kijana wangu alinyanyua kichwa hapo kama mtu ametolewa mzigo. Nadhani alikuwa ameamini kwamba mtu wa imani ya kweli haumii akiamua.

Mwingine aliuliza juu ya Kenya. Jibu lilikuwa fupi na safi, tangu uhuru hatujawahi kuwa na jeshi la lazima, kilichokaribia ni ile NYS, huduma ya vijana kwa taifa, ya wanafunzi wa chuo kikuu iliyoanza 1984, wengi wao walipitia Gilgil pale, nayo haikuwa jeshi. Na Katiba ya 2010 kifungu cha 32 kinasema mtu hatalazimishwa kutenda jambo lililo kinyume na imani au dini yake. Kwa hivyo hapa hakuna mtu atakuja kukukamata kwa kukataa. Alafu akasema, "Kwa sababu hiyo kukataa kwa Kenya kunaonekana rahisi, lakini anayekulazimisha hapa hana sare. Ni karo, ni sufuria, ni baba yako amekuangalia mezani." Niliogopa kumuangalia kijana.

Chakula. Tulirudi Chavakali kwa hoteli moja, ugali, ingokho (kuku), mboga ya mrenda na chai. Kuku alikuwa wa kienyeji kweli, amechemshwa vizuri na supu, sina neno. Lakini tulingoja dakika hamsini, na kulikuwa na kijana Mwislamu wa kutoka Manyatta alipouliza kuku amechinjwa na nani hakuna aliyekuwa na jibu, akala ugali na mrenda na mayai. Alinyamaza, hakulalamika, lakini mimi namlalamikia hapa. Safari inayohusu dhamiri za watu haiwezi kusahau dhamiri ya mtu kwa sahani. Kuuliza wakati wa kubuku ni swali moja. Na ni huyo huyo alituchangamsha mezani kwa habari za Muhammad Ali, vile aliitwa jeshini Houston tarehe 28 Aprili 1967 akakataa kupiga hatua mbele jina lake lilipoitwa, wakamnyang'anya mkanda, wakamhukumu miaka mitano na faini ya dola 10,000, miaka mitatu na zaidi hapigani ngumi katika ule umri ambao bondia yuko kwa nguvu zake, mpaka mahakama ya juu kabisa ya kwao ikafuta hukumu 1971 majaji wanane kwa sufuri. Yeye anamjua Ali tarehe kwa tarehe.

Jambo lingine la kurekebisha ni siku. Jumamosi peke yake! Rafiki yangu kazini ni Msabato, wa Kendu Bay, nilimwambia twende akaniambia hiyo ni siku ya Bwana wake hawezi. Wasabato wamejaa upande wetu huu tangu misheni ya Gendia ianze 1906, na hawa wana historia yao nzito, wana yule Desmond Doss wa Marekani aliyeingia jeshi akakataa kugusa bunduki, akaenda Okinawa 1945 kama tabibu wa kikosi na akateremsha majeruhi karibu 75 kutoka juu ya mwamba huku risasi zinapita. Rafiki yangu ndiye alinipa hiyo habari ofisini Jumatatu yake, na nilitamani sana kijana wangu angeiskia kutoka kwake garini, kwa sababu swali lake moja lilikuwa mtu hawezi kuingia jeshi akatibu tu? Mwalimu alimjibu kwamba kwetu kila kuruta anafunzwa bunduki kwanza, mengine baadaye. Jibu ni kweli lakini lilikuwa fupi mno kwa swali la mtu anayeamua maisha yake. Mwalimu, kama utasoma hii, weka Jumapili mchana au sikukuu.

Karatasi tulizopewa ni kurasa nne za fotokopi, zinasaidia, ila kuna makosa. Pale kwa Franz Jägerstätter, yule mkulima Mkatoliki wa Austria aliyekataa kupigania Hitler akakatwa kichwa, wameandika 1934 na ni tarehe 9 Agosti 1943. Nilimwonyesha akaandika kwa kalamu pale pale. Huyu Jägerstätter alikuwa na mke na watoto wadogo wa kike, paroko wake na hata askofu walimwambia afikirie familia yake aende, yaani watu wa kanisa ndio walimwambia aende, na miaka mingi baadaye, 2007, kanisa hilo hilo likamtangaza mwenyeheri. Mwalimu alimpitia kwa dakika mbili. Angekaa hapo. Hapo ndipo kijana wangu yuko, kati ya dhamiri na watoto wanaotaka kula.

Kutoka Chavakali tukapita Kakamega, Malava, mpaka Webuye, tukapanda kilima cha Chetambe tukifika saa kumi na dakika ishirini. Tulitakiwa kufika saa tisa. Ukiwa juu unaona Webuye yote na mashamba mpaka mbali, na pale ndipo Wabukusu walipigwa na Waingereza 1895, watu wengi walikufa. Elijah Masinde wa Kimilili alikusanya watu wengi hapo mwaka 1947 kuwakumbuka hao wafu na kuomba kwa njia ya wazee. Masinde alikuwa amepitia kanisa la Friends, alikuwa mchezaji mpira mkali, alafu akaachana na wamisheni akaanza Dini ya Msambwa. Wakati wa vita ya pili alipinga vijana kuchukuliwa, akapinga amri za machifu, 1945 wakampeleka Mathari hospitali ya wagonjwa wa akili mpaka 1947. Mtu anakataa, unamwita mwendawazimu. Februari 1948 wafuasi wake 11 walipigwa risasi wakafa Malakisi, yeye akapelekwa Lamu na hakurudi mpaka 1961. Na hata baada ya uhuru alifungwa tena.

Nilipenda kwamba mwalimu hakumfanya Masinde kuwa Friend wa 1660. Alisema Masinde hakukataa vita vyote, alikataa vita vya wageni na alitaka wageni waondoke, na kwamba hizo ni dhamiri mbili tofauti hata kama mdomo unatamka "siendi" ile ile. Lakini tulikuwa na dakika arobaini tu na jua linashuka. Hii sehemu inataka saa mbili, na kwa mtu wa Bungoma najua ingetaka siku nzima.

Sasa malalamiko yangu makubwa, na nimeyafikiria sana kabla ya kuyaandika. Wale walioenda, mwalimu anawataja kwa neno moja, "walidanganywa". Babu yangu alikuwa Keya. Alienda Burma na ile divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, 1944, bonde la Kabaw kwenye matope na malaria. Alirudi. Hakuwahi kutuhadithia chochote, lakini kuku akichinjwa pale nyumbani alikuwa anachukua fimbo yake anatoka boma lote, anaenda kukaa barabarani mpaka aitwe. Kila mara, mpaka alipokufa. Hatukujua ni nini, tulifikiria ni tabia za wazee. Siku hiyo Kaimosi kwa ile kimya ndio nilimuelewa. Kwa hivyo mtu akisema alidanganywa basi, naskia amemfunga babu mdomo mara ya pili. Ile mikono tisa tuliyonyanyua asubuhi, mwalimu hakuirudia tena siku nzima. Angetuuliza tu, hao wenu walirudi wakasemaje, ama walinyamaza vipi. Nilimwambia haya tukishuka Chetambe na alisimama, akanishika mkono akasema, "Dada, hiyo umenifunza." Sina kinyongo, naandika ili aibadilishe.

Njia ya kurudi ilikuwa usiku na hapo ndipo yule mama wa miaka sabini aliongea. Kumbe ni Shahidi wa Yehova. Hakuna mahali kwa karatasi zile nne Mashahidi wametajwa, na hao ndio wamefungwa jela kwa jambo hili kuliko karibu kila mtu. Alitueleza juu ya wanaume watatu wa Eritrea, Paulos Eyasu, Isaac Mogos na Negede Teklemariam, waliokamatwa Septemba 1994 kwa kukataa jeshi, hawakuwahi kupelekwa kortini hata siku moja, wakatoka Desemba 2020. Miaka 26. Mwenye umri wa kijana wangu angetoka ana 45. Na Korea Kusini vijana wao zaidi ya 19,000 wamepita jela tangu miaka ya 1950, mpaka mahakama ya katiba ikaamua 2018 kwamba lazima kuwe na kazi mbadala, na sasa wanafanya miezi 36 ndani ya magereza, wanapika na kusafisha badala ya kufungwa. Aliongea kwa sauti ndogo, dere alizima redio mwenyewe bila kuambiwa. Mwalimu alimuachia nafasi na hakumkatiza, nampa heshima kwa hilo, lakini ilitokea kwa bahati tu, kama mama huyo angebaki nyumbani tusingejua.

Kitu kimoja bado. Pale juu Chetambe kijana alimfuata mwalimu pembeni akamuuliza, mimi nimesimama karibu naskia, "Mwalimu, wewe unanishauri niende ama nisiende?" Nilitaka sana amwambie usiende. Nakiri, nililipa 7,000 nikitarajia mtu amwambie usiende ili nisiwe mimi. Mwalimu akamwambia hiyo sitakujibu, mwili ni wako na maombi ni yako, lakini nikuulize, ukikataa, kesho yake asubuhi utaamka ufanye nini? Kwa sababu wale wa ambulensi walikataa bunduki alafu wakashika machela, aliyekataa bila kitu mkononi njaa humrudisha. Kijana hakujibu. Mpaka Kisumu hakuongea.

Kwa hivyo nyota nne. Ingekuwa tano kama si muda, chakula cha yule kijana, na babu yangu. Ukienda beba mwavuli, Kaimosi mvua haingoji mtu mchana, beba pia pesa kidogo ya soda na choo cha hotelini, na ukiwa na mzee dai kiti cha mbele.

Siku ya kuandikwa ilikuwa Jumanne. Kijana aliamka mapema akamsindikiza rafiki yake aliyesoma naye mpaka getini, akamshikia shati na viatu rafiki akikimbia, akangoja mpaka saa nane, rafiki akachukuliwa, wakakumbatiana, yeye akarudi nyumbani kwa miguu. Jioni alimwambia baba yake mbele ya mama yake kwamba hakupanga laini. Ameanza kusaidia kwa zahanati moja karibu na kwao, anafagia na kubeba wagonjwa, chakula cha mchana na nauli ndio anapewa, na nimeanza kutafuta bei za kozi ya huduma ya kwanza. Kaka yangu hajamuongelesha wiki ya tatu sasa, mimi ananiongelesha kwa mesiji tu. Nimebuku nafasi mbili za mwezi wa nane, moja yangu na moja yake. Hajakubali, lakini pesa nimeshatuma na mwalimu ameniahidi ataanza na wale waliorudi.